Nani Mtu Wake?

Mimi ni mkali. Nalisema mwanzoni ili mtu asije akadai nilimficha. Majirani zangu hapa Kijenge wanajua, mkwe wangu anajua, na hata maiti, Mungu anisamehe, nimewahi kuwagombeza. Kuna msichana mmoja wa miaka ishirini na mbili nilimfokea kwa nini amekubali kufa mapema hivyo, huku namsuuza nywele. Naitwa Hafidha. Naosha maiti wa kike, na kazi hiyo nimeifanya miaka thelathini na moja katika nyumba ya Bi Arafa.

Nyumba yenyewe si kubwa. Vyumba vinne, bati lililopauka, ua wenye birika la saruji, na chumba cha nyuma chenye kitanda cha kuoshea na mfereji wa kupeleka maji shimoni. Asubuhi isiyo na mawingu ukisimama uani unauona Mlima Meru wote. Bi Arafa aliachiwa nyumba hiyo na marehemu mumewe. Hakujaliwa mtoto, na alipofika umri wa kuchoka akawaita wazee watatu wa msikiti, akaandika barua kwa mkono wake mwenyewe kwamba nyumba ameiweka wakfu. Maana yake si yake tena, haiuzwi, hairithiwi, imetolewa kwa ajili ya Mungu, na kazi yake ni moja tu: kuoshea wanawake wa Kiislamu wanaofia Arusha bila kuwa na mtu.

Usidhani ni wachache. Mji huu umejaa watu waliokuja kutafuta maisha. Binti ametoka Kondoa kufanya kazi za ndani, amekufa, na tajiri wake hajui hata jina la baba yake. Mwingine anafia chumba cha kupanga, na mwenye nyumba anasimama mlangoni: jamani, asioshwe hapa, wapangaji wangu watahama. Basi wanaletwa kwetu. Kwetu hakuna anayeulizwa ametoka wapi wala anakaa kwa kodi ya nani.

Bi Arafa alituwekea utaratibu ambao sijauona kwingine. Kabla ya kumgusa maiti, mwoshaji anasimama kwenye mlango wa uani, uso nje, anauliza kwa sauti, "Nani mtu wake?" Anangoja. Anauliza tena, anangoja, halafu anauliza ya tatu. Akitokea ndugu, au hata jirani, akisema "mimi," huyo ndiye anakaa na marehemu na kumwaga maji ya kwanza. Asipotokea mtu, mwoshaji mwenyewe anajibu, "Mimi," ndipo anaingia kazini. Bi Arafa alisema haiwezekani mtu aondoke duniani swali hilo halijajibiwa. Nimejibu "mimi" mara nyingi mpaka nimekuwa ndugu wa nusu ya mji.

Utaratibu mwingine si wake, ni wa dini. Unachokiona mwilini mwa maiti kinaishia palepale. Kovu, alama, ugonjwa, chochote kile, unafunika. Nimeona mambo ambayo yangevunja ndoa za watu walio hai mpaka leo, na nimeyameza yote. Bi Arafa ndiye aliyenifundisha kumeza, na nilijivunia kwamba katika waoshaji wote wa Arusha hakuna mwenye mdomo mzito kama wangu.

Alikufa miaka mitatu iliyopita, mwezi wa saba, wakati wa baridi ile ya manyunyu inayokaa mifupani. Alfajiri alikata roho, na saa nne asubuhi tulikuwa tayari kumwosha. Nikasimama mlangoni machozi yananitoka, nikauliza, "Nani mtu wake?" Kabla sijavuta pumzi, binti yangu Najat akajibu, "Mimi, mama." Alikuwa na haki. Mumewe, Luqman, ni mjukuu wa kaka yake Bi Arafa, damu pekee iliyobaki upande huo. Nilifurahi, wallahi. Najat tangu mdogo alikuwa anaionea aibu kazi yangu, shuleni akisema mama yake ni fundi cherehani, na leo hii amejitokeza mbele za watu. Nilitamani Bi Arafa angekuwa hai aone.

Nikamwacha na marehemu, nikaenda jikoni kuangalia maji ya majani ya mkunazi. Huko nikakuta shemeji mmoja aliyetumwa sanda ameleta kitambaa chenye maua. Maua, jamani! Tukazozana robo saa nzima, nikamrudisha dukani huku namsindikiza kwa maneno. Niliporudi chumba cha nyuma, Najat alikuwa amesimama karibu na dirisha, mkoba kwapani, anatazama sakafu.

Nikaanza kumtawadhisha. Mkono wa kulia kwanza. Nilipokunjua vidole, nikaona dole gumba la Bi Arafa lina wino. Wino ule wa pedi ya muhuri, rangi ya zambarau, mbichi kabisa, umeingia mpaka pembeni mwa ukucha.

Nikamtazama Najat. Yeye akaendelea kutazama sakafu. Basi nikachukua sabuni, nikasugua.

Nilisugua mpaka likatakata. Nikajiambia ni wino wa kupigia kura. Mwaka ule hapakuwa na uchaguzi wowote, na wino wa kura hawaupaki dole gumba, lakini ndivyo nilivyojiambia, na nikajikubalia. Tukamvika sanda, wanaume wakamswalia, wakaenda kumzika, nami nikarudi nyumbani kwangu, nyumba ya tatu kutoka hapo, nikala wali wa msiba mpaka nikashiba.

Miaka miwili ikapita kimya. Halafu mwaka jana Luqman akafungua kesi kwenye Baraza la Ardhi. Alikuwa na karatasi isemayo kwamba Bi Arafa anampa yeye nyumba iwe zawadi, na kwamba ile barua ya wakfu anaikana. Tarehe ni siku kumi na moja kabla ya kifo. Chini pana dole gumba. Kumbe na mnunuzi alikwishampata, mtu anayetaka kubomoa ajenge hoteli ya watalii wa kwenda mlimani. Mimi nilizisikia habari hizo kwa muuza mkaa.

Wadhamini wa msikiti, wakiongozwa na Sheikh Abdulrahim, wakaweka wakili. Mama mmoja wa Kichaga, Mkatoliki, anaitwa Skolastika. Watu wakanong'ona, eti Mkristo atajua nini habari za wakfu. Alijua kuwashinda wao. Aliniita ofisini kwake mjini, akanikaribisha chai, kisha akaniambia bila kuzunguka.

"Mama Najat, hali yetu si nzuri. Barua ya wakfu haikusajiliwa popote, na mashahidi wake wote watatu wamefariki. Karatasi yao ina dole. Mtaalamu amelilinganisha na lile la kitambulisho cha marehemu. Ni lake."

"Bi Arafa alijua kuandika," nikasema. "Aweke dole kwa nini?"

"Wanasema alikuwa mgonjwa, mkono unatetemeka. Ndiyo maana nakuuliza wewe uliyekuwa naye mpaka mwisho. Hakuna kitu ulichokiona?"

"Sikuona," nikasema. Nikainuka nikatoka bila kuaga, na chai yake nikaiacha pale mezani.

Wiki ileile aliletwa msichana kutoka Usa River, alikuwa akifanya kazi kwenye mashamba ya maua. Homa ya mapafu. Wenzake wanne walikuja naye wakiwa na mabuti yao ya kazi, na hakuna hata mmoja aliyejua kwao ni wapi. Niliuliza mara tatu, nikajibu mwenyewe. Tukaanza, mimi na mwenzangu Simaloi, mama wa Kimaasai aliyesilimu alipoolewa, mwenye mikono ya nguvu na maneno ya kuhesabu. Ilikuwa saa sita mchana, jua limejaa dirishani. Nilipomwagia yule binti mkono wa kulia, maji yaliyotiririka kutoka vidoleni yalikuwa ya zambarau.

"Simaloi, unaona?"

"Naona nini?"

"Maji haya."

Akainama akatazama beseni. "Ni maji tu, dada. Safi."

Nikamwaga, nikachota mengine. Zambarau tena. Nilimaliza kazi ile macho nimeyafumba, napapasa, na Simaloi akidhani nalia. Tangu siku hiyo kila niliyemwosha alinitolea wino. Bibi wa miaka tisini, wino. Mtoto wa siku mbili, vidole kama punje za mchele, wino. Nikanunua beseni jipya, nikabadilisha sabuni, nikaita fundi asafishe birika. Fundi akaniambia birika halina kasoro, mama, maji haya hata mimi nakunywa, na akanywa mbele yangu.

Halafu ikaja sauti. Nilikuwa nafagia ua baada ya swala ya alasiri, peke yangu, kumetulia. Nikasikia kata inagonga ndoo ndani ya chumba cha nyuma, na chumba hicho nilikuwa nimekifunga kufuli, ufunguo umo kifuani mwangu. Kisha kutoka mlangoni, kwa ile sauti yake ya kukwaruza, Bi Arafa akauliza, "Nani mtu wake?"

Mfagio ulinidondoka. Baada ya muda akauliza tena, "Nani mtu wake?" Nikangoja ya tatu. Nilingoja mpaka adhana ya magharibi, na ya tatu haikuja.

Kesho yake vilevile, na keshokutwa. Mara mbili, kisha kimya. Nilisoma Yasini, nikafukiza ubani, nikapiga kelele, "Mimi, Bi Arafa, mimi! Nipo hapa!" Haikusaidia kitu. Sauti iliendelea kuja, mbili tu, na mimi nikawa mtu wa kungoja ya tatu. Nikipika nangoja, nikiswali nangoja, nikiongea na mtu nakatisha maneno natega sikio. Niliogopa, sitasema uongo. Mimi ninayelala fofofo siku niliyoosha maiti watatu, nilikuwa naogopa kuingia kwenye ua ule saa kumi ya mchana.

Nilijiambia anakuja kunionya nifunge mdomo. Si yeye aliyenifundisha kufunika? Basi nikakaza kamba. Skolastika akipiga simu, sipokei.

Jumamosi moja nilikwenda sokoni Kwa Mrombo kununua viazi. Kwenye kona kulikuwa na bibi kizee amekaa chini na beseni la zambarau zilizoiva. Nikamsalimia, "Shikamoo bibi," akaitikia, akanyoosha mkono kunionjesha. Dole gumba lake lilikuwa limelowa rangi, mpaka pembeni mwa ukucha. Nilipiga ukelele soko zima likageuka. Nilikimbia, nikaacha kikapu, nikaacha na kiatu kimoja. Nyuma yangu nasikia wauza nyanya wanacheka, "Mama kaona zambarau kaona jini!" Nilifika kituo cha daladala mguu mmoja mtupu, nikakaa juu ya jiwe nikalia kama mtoto, kwa sababu nilikuwa nimechoka.

Ndipo nikaenda kwa Sheikh Abdulrahim. Nilimkuta barazani kwa msikiti baada ya adhuhuri, anapunga hewa. Nikamzungukia. Nikasema, sheikh, kuna mwoshaji mmoja, wa Moshi huko, aliona kitu kwenye mwili wa maiti. Afanyeje?

Anajua mimi sina rafiki Moshi.

"Huyo mwoshaji wa Moshi," akasema, "alichokiona ni aibu ya marehemu, au ni dhulma aliyofanyiwa marehemu?"

Nikaanza kutafuta viatu vyangu.

"Maana sitara tunampa maiti, Bi Hafidha. Kama kuna mtu alimwibia akiwa amelala pale hawezi kujitetea, na mwoshaji akanyamaza, hapo ni nani anayesitiriwa?"

Nilikasirika, nikamwambia yeye kazi yake kusoma vitabu, hajawahi kushika mkono wa maiti wa kike na hajui anachosema. Nikaondoka kwa hasira. Nilikasirika kwa sababu lile swali nilikuwa nimejiuliza mimi kabla yake, siku ileile, sabuni ikiwa mkononi.

Siku tatu kabla ya kesi, Najat akaja kwangu na mtoto wake wa miezi minane mgongoni. Alinisalimia, "Shikamoo mama," nikaitikia. Akakaa kwenye mkeka, akamshusha mtoto, akaanza kumnyonyesha. Mjukuu wangu ana macho ya marehemu baba yangu, na akinyonya anashika sikio la mama yake.

"Nasikia wakili wao amekuweka kwenye orodha ya mashahidi," Najat akasema.

"Ameniweka. Nikaseme nyumba inatumikaje, basi."

"Sisi tuko vyumba viwili Kwa Mrombo, mama. Choo tunachangia familia tano. Mvua ikinyesha maji yanatufuata kitandani. Maiti wao wana vyumba vinne. Wanavifanyia nini? Wanakaa saa mbili wanakwenda zao."

Nimefika chumbani kwake wakati wa masika, nimeona magodoro yamewekwa juu ya meza.

"Ungeniomba," nikasema.

"Ungenipa?"

"Si yangu nikakupa."

"Ndiyo hivyo sasa."

"Najat. Ulimshika mkono Bi Arafa?"

Akahamisha mtoto ziwa la pili. Niliomba asijibu.

"Wewe ulisugua," akasema. "Hukuniuliza kitu. Niliona unavyosugua, nikajua mama amekubali."

Nilihisi baridi ya mwezi wa saba imenirudia yote. Sikuwa na pa kushika. Mwanangu alikuwa ameniona vizuri kuliko nilivyojiona, akanisoma, akaondoka na ruhusa yangu.

"Ukisema, nafungwa," akaendelea. Sauti yake ilikuwa ya chini, haikuwa na ugomvi. "Huyu atanyonya kwa nani? Na nikwambie jambo moja, mama. Ukinitaja mbele za watu, haki ya Mungu, siku yako ikifika wasimame hapo mlangoni waulize mara tatu, waulize mara mia. Mimi sitajibu."

Akamfunga mtoto mgongoni akaondoka. Alasiri hiyo Bi Arafa aliuliza mara mbili kama kawaida yake, na mimi nilikaa chini uani nimejiziba masikio.

Siku ya kesi niliamka sijaamua. Watu wanadhani nilikwenda nikiwa nimejipanga. Sikujipanga. Nilivaa baibui langu la Idi, nikapanda gari na Simaloi, na njia nzima nilikuwa nasema moyoni, nitaeleza nyumba inatumikaje, basi, nirudi zangu nikapike.

Chumba cha Baraza kilikuwa kidogo, madirisha wazi. Mwenyekiti alikaa mbele na wazee wake wawili. Luqman alikuwa na wakili wake, kijana nadhifu anaitwa Richard. Najat alikaa benchi la nyuma na mtoto mapajani. Nikaapishwa. Skolastika akaniuliza mambo ya kawaida, nyumba ilianza lini kutumika, wanaletwa wangapi, nani anatunza. Nikajibu vizuri. Hakuniuliza kuhusu dole, alikwishakata tamaa na mimi. Akakaa.

Richard akainuka. Hakuwa mkorofi, nimpe haki yake. Alikuwa na adabu, na kila neno aliliweka mahali pake.

"Mama, pole na safari. Wewe si ndugu wa marehemu?"

"Si ndugu."

"Hamna damu, hamna ndoa. Ulikuwa unafanya kazi kwake."

"Kwake na kwa Mungu."

Watu wakacheka kidogo. Naye akatabasamu.

"Marehemu hakuzaa. Hakuwa na mume. Kaka yake alifariki. Katika dunia hii nzima amebaki mjukuu wa kaka yake, huyu hapa Luqman. Mimi najiuliza, na nakuuliza wewe unayemjua sana." Akageuka akawatazama wazee wa Baraza, kisha akanirudia. "Kama si huyu, nani mtu wake?"

Ilikuwa saa tano asubuhi. Nje kulikuwa na bodaboda zinapiga honi, na mtu anauza karanga. Nakuambia nilisikia kata ikigonga ndoo mlemle ndani ya chumba cha Baraza, na nilijua kwamba hii ndiyo ya tatu.

"Mimi," nikasema.

"Samahani?"

"Mimi ndiye mtu wake. Na nilimwibia."

Richard alifungua mdomo, na Mwenyekiti akamwinulia mkono anyamaze. Basi nikasema. Nilisema kwamba lile dole ni la Bi Arafa kweli, mtaalamu hakukosea, ila lilipowekwa kwenye karatasi mwenyewe alikuwa amekufa saa tano zilizopita, amelala kwenye kitanda cha kuoshea, amefunikwa shuka. Nilisema nilikuta wino mbichi. Nilisema rangi yake. Mwenyekiti akauliza nani alikuwa ndani na maiti. Skolastika alikuwa amesimama, kalamu imemdondoka.

Nikageuka nikamtazama mwanangu. Mtoto alikuwa amemshika sikio.

"Najat," nikasema. "Binti yangu wa kumzaa. Nami niliona, nikachukua sabuni nikasugua mpaka ukatoka, kwa sababu nilijua. Wasije wakasema nilikuwa mjinga. Nilijua palepale. Kama mnamfunga, mtufunge wote."

Najat hakulia wala hakubisha. Alinitazama mpaka mimi nikainamisha macho, kisha akainuka na mtoto akatoka nje, askari mmoja akamfuata.

Baada ya miezi miwili Baraza likaitupa karatasi ile, na nyumba ikabaki wakfu. Sheikh Abdulrahim amekwenda kuisajili kwa jina la wadhamini, maana safari hii tumejifunza. Luqman alisema polisi kwamba yeye hajui lolote, karatasi aliletewa na mkewe. Mwanamume yule! Najat alilala ndani siku mbili, akatolewa kwa dhamana, na kesi yake ya jinai bado inapigwa tarehe. Nami niliandika maelezo yangu polisi, nikiitwa nitakwenda. Nimepeleka unga na sukari Kwa Mrombo mara nne. Mara zote nne nimevikuta kesho yake mlangoni pangu, kama nilivyovifunga.

Maji yametulia. Siku ya kwanza niliyomwosha mtu baada ya kesi, nilichungulia beseni mpaka Simaloi akaniuliza nimepoteza pete? Yalikuwa maji tu, meupe. Na alasiri sasa hakuna kitu uani isipokuwa mfagio wangu. Bi Arafa hajarudi kuuliza. Utanicheka, lakini kuna siku nasimama pale saa kumi namngoja, na asipokuja naumia.

Mwezi uliopita kifua kilinibana hadi nikapelekwa hospitali. Daktari akasema ni moyo, nisinyanyue ndoo tena. Nikarudi, nikamketisha Simaloi kwenye ukingo wa birika, nikamwonyesha kila kitu. Sanda yangu iko kwenye sanduku la juu, nimeinunua mwenyewe, haina maua. Kafuri iko kwenye kopo la maziwa. Nataka niletwe hapahapa, chumba cha nyuma, na wenzangu wasio na watu.

"Anza na mkono wa kulia," nikamwambia. "Vidole vikunjue kimoja kimoja, vitazame."

"Najua, dada."

"Na usisahau kuuliza mlangoni."

"Nitauliza. Kisha nitajibu mimi," akasema Simaloi. Macho yake yalikuwa yamelowa, na yeye si mtu wa kulia.

"Utajibu wewe, sawa. Lakini sikiliza. Ya kwanza uliza, ya pili uliza. Ya tatu usiharakishe. Ngoja. Toka Kwa Mrombo mpaka hapa kuna foleni."